Runinga na historia ya taifa: Migori na Homa Bay mbele ya kamera

KWA zaidi ya miaka 60, runinga nchini Kenya imekuwa ikijaribu kulisimulia taifa hadithi yake lenyewe. Imejaribu kwa vichekesho, kwa vikaragosi vya wanasiasa, kwa filamu za hali halisi na kwa mahojiano ya wazee yaliyochanganywa na picha za zamani. Baadhi ya majaribio hayo yangali katika kumbukumbu za watazamaji. Hata hivyo, karibu yote yamekumbana na kikwazo kimoja: runinga husimulia kwa urahisi lile tu ambalo kamera ilikuwepo kulishuhudia. Mahali ambapo kamera haikufika, historia hutajwa kwa sentensi mbili tatu, kisha msimuliaji hurejea Nairobi.

Kikwazo hicho huonekana waziwazi katika kaunti jirani za Migori na Homa Bay, kusini magharibi mwa nchi. Eneo hili ndilo kwao marehemu Tom Mboya, ambaye mauaji yake mnamo 1969 ni miongoni mwa mikasa iliyopigwa picha nyingi zaidi katika historia ya Kenya huru. Eneo hilohilo lina kuta za mawe za Thimlich Ohinga, zilizojengwa karne kadhaa kabla ya runinga kubuniwa, na michoro ya miambani kisiwani Mfangano ambayo wachoraji wake hawakuacha hata jina. Anayetaka kupima uwezo wa runinga kusimulia taifa ana vipimo vyote viwili ndani ya safari ya siku moja: tukio ambalo picha zake zimejaa maktaba za ng'ambo, na karne nzima nzima zisizo na picha hata moja.

Kaunti hizi zilianza kazi mwaka 2013 chini ya katiba ya 2010. Kwa miongo kadhaa kabla ya wilaya kumegwamegwa, zilikuwa sehemu ya wilaya moja kubwa ya Nyanza Kusini iliyosimamiwa kutoka mjini Homa Bay. Sensa ya 2019 ilihesabu zaidi ya watu milioni 1.1 katika kila kaunti. Wengi wao ni Waluo, lakini wapo Wasuba katika visiwa na fuo za Ziwa Victoria, Wakuria katika upande wa Kehancha unaopakana na Tanzania, na jamii nyingine nyingi zilizohamia mijini na katika maeneo ya machimbo ya dhahabu kama Macalder. Mchanganyiko huu ndio hasa ambao runinga ya kitaifa imetatizika kuuonyesha.

Lafudhi ya Mzee Ojwang'

Runinga ilianza nchini mwaka 1962, mwaka mmoja kabla ya uhuru, chini ya Shirika la Utangazaji la Kenya (KBC). Mnamo Julai 1964 serikali ilitwaa shirika hilo na kuliita Sauti ya Kenya (VOK), na jina la KBC likarejea kwa sheria ya bunge mwaka 1989. Kwa hivyo, kwa zaidi ya robo karne, hadi KTN ilipoanza kupeperusha matangazo yake mwaka 1990, Wakenya walikuwa na kituo kimoja tu, nacho kilikuwa idara ya serikali. Haikutarajiwa kwamba kituo cha aina hiyo kingechimbua historia ya taifa kwa kina. Habari za Rais zilitangulia, hotuba zikafuata, na mambo mengine yalipata nafasi iliyosalia.

Jaribio la kwanza la maana la kuuliza Mkenya ni nani halikutoka katika idara ya habari bali katika vichekesho. Vipindi vya Vioja Mahakamani na Vitimbi viliwakusanya wahusika wenye lafudhi mbalimbali chini ya paa moja na kuwaacha wagombane kwa Kiswahili. Kila lafudhi ilikuwa kitambulisho. Mtazamaji alimjua Mluhya, Mkamba au Mkikuyu kabla hajataja jina lake.

Mluo mashuhuri kuliko wote katika runinga hiyo alikuwa Mzee Ojwang', mume wa Mama Kayai katika Vitimbi. Alikuwa na majigambo na hasira za haraka, na alikivunja Kiswahili kwa namna iliyowafanya watu wacheke kabla hajamaliza sentensi. Aliyeigiza nafasi hiyo, marehemu Benson Wanjau, hakuwa Mluo bali Mkikuyu. Aliiga lafudhi hiyo kwa ustadi uliowafanya watazamaji wengi, Waluo wakiwemo, kuamini alikuwa mwana wa Nyanza, na alipofariki Julai 2015 alililiwa kote nchini.

Jambo hilo linastahili kutazamwa kwa jicho la makini. Kwa upande mmoja, hakuna ushahidi mzuri zaidi kwamba utambulisho wa kikabila nchini ni vazi ambalo mwenzako anaweza kulivaa, likamkaa. Wanjau alifanya bila hotuba kile ambacho wanasiasa hudai kukitafuta. Kwa upande mwingine, miaka yote hiyo Mluo aliyejulikana zaidi katika runinga ya taifa alikuwa lafudhi. Hakuwa na kijiji, hakuwa na babu aliyehama kutoka mahali fulani, wala hakuwa na wimbo wa kwao. Mtoto wa Ndhiwa au wa Nyatike aliyetazama Vitimbi alijiona kwenye skrini, lakini hakuiona Ndhiwa wala Nyatike.

Kamera katika barabara ya Government

Nyanza Kusini iliingia katika kumbukumbu za picha za taifa kwa mlango wa msiba. Jumamosi ya Julai 5, 1969, Mboya, aliyekuwa Waziri wa Mipango ya Uchumi na Maendeleo na Katibu Mkuu wa chama cha KANU, alipigwa risasi alipokuwa akitoka katika duka la dawa kwenye barabara ya Government, ambayo sasa ni Moi Avenue, jijini Nairobi. Alikuwa na umri wa miaka 38.

Mpigapicha Mohamed Amin, mzaliwa wa Nairobi aliyekuwa akifanya kazi na shirika la picha za habari la Visnews la Uingereza, alipiga picha za mnato na za filamu za matukio ya siku hiyo. Kazi hiyo ilimpatia tuzo ya mpigapicha bora wa runinga nchini Uingereza mwaka huo. Siku tatu baadaye, kamera zilinasa misa ya wafu katika kanisa la Holy Family, umati uliourushia mawe msafara wa Rais Jomo Kenyatta, na moshi wa vitoa machozi uliofika hadi mlangoni pa kanisa. Kisha jeneza likasafirishwa kwa barabara kupitia Nakuru na Kisumu hadi Rusinga, huku waombolezaji wakifurika njiani.

Mambo mawili ni muhimu hapa kwa yeyote anayetaka kuelewa jinsi runinga inavyotengeneza historia. La kwanza ni umiliki. Nyingi za picha hizo zilipigwa kwa ajili ya mashirika ya habari ya kigeni, na hadi leo mtayarishaji wa Kenya anayezihitaji hulazimika kuzilipia katika maktaba za London. Ni sharti alipie kwa dakika, na kwa hivyo huchagua dakika zilezile ambazo wenzake walichagua: duka la dawa, ambulensi, moshi, jeneza. Mtazamaji aliyeona filamu tatu kuhusu Mboya ameona picha zilezile mara tatu.

La pili ni lile linaloachwa nje. Mboya hakuzaliwa Rusinga. Alizaliwa Agosti 15, 1930 huko Kilima Mbogo karibu na Thika, ambako babake alikuwa mfanyakazi wa shamba la mkonge, na alikulia miongoni mwa watoto wa makabila tofauti. Alijifunza siasa katika vyama vya wafanyakazi, na mwaka 1957 alichaguliwa katika Baraza la Kutunga Sheria na wapigakura wa Nairobi, si wa Nyanza. Mnamo 1959 alihojiwa katika kipindi cha runinga cha Meet the Press nchini Marekani, wakati ambapo Wakenya hawakuwa hata na runinga yao wenyewe, na mwaka huohuo akaanza mpango wa kuwasafirisha wanafunzi kwa ndege kwenda vyuo vikuu vya Amerika. Kwa maneno mengine, Wamarekani walimwona Mboya akizungumza sebuleni mwao kabla ya wapigakura wake.

Maisha hayo ni hadithi ya taifa kuliko kifo chake. Lakini picha za kifo ni nyingi, zina mwendo na zina sauti, na mhariri wa filamu ambaye muda umemwishia atazichukua hizo. Ndivyo ilivyotokea kwamba katika filamu nyingi kuhusu Kenya huru, Nyanza huonekana kwa mara ya kwanza ikilia.

Kazi ya Hilary Ng'weno

Jaribio kubwa zaidi la kusimulia historia ya Kenya kupitia runinga ya humu nchini lilifanywa na mtu ambaye hakuwa mwanahistoria wala mwelekezi wa filamu kwa masomo. Marehemu Hilary Ng'weno alisomea fizikia katika Chuo Kikuu cha Harvard, akawa Mwafrika wa kwanza kuhariri gazeti la Nation mwaka 1964, na mwaka 1975 akaanzisha jarida la Weekly Review ambalo lilisomwa na kila aliyetaka kujua siasa za Kenya zinaelekea wapi. Alipofika umri ambao wengine hupumzika, aligeukia kanda na picha za zamani.

Matokeo yalikuwa mfululizo wa The Making of a Nation, ulioonyeshwa katika NTV mwishoni mwa miaka ya 2000, na kisha Makers of a Nation, uliowaangazia watu binafsi, wakiwemo Mboya, Pio Gama Pinto na wengine waliojenga taifa na mara nyingine kuangamizwa nalo. Familia nyingi zilinunua kanda hizo na kuziweka nyumbani kama zinavyoweka kamusi.

Kwa nini kazi hiyo ihesabiwe kuwa jaribio, ilhali umbo lake ni la kawaida: msimuliaji, picha za zamani, na mpangilio wa miaka? Jibu liko katika wakati na mahali. Kwa takriban miaka 40, majina ya baadhi ya watu hao yalitamkwa kwa kunong'ona. Hakuna kituo kilichokuwa kimeweka mbele ya familia, saa ya mlo wa jioni, maelezo ya utaratibu kuhusu nani aliuawa lini, nani alinufaika, na nani alinyamaza. Bw Ng'weno alifanya hivyo bila kupaza sauti. Hakuwaita watu wauaji. Alipanga matukio jinsi yalivyofuatana, akamwachia mtazamaji kazi ya kujumlisha. Kipindi ambacho mfululizo huo ulikuwa ukizungumziwa kilikuwa pia kipindi cha machafuko yaliyofuata uchaguzi wa Desemba 2007, na swali la jinsi taifa lilivyotengenezwa halikuwa la kitaaluma tena.

Hata hivyo, mbinu yake ilikuwa na mipaka ambayo yeye mwenyewe, akiwa mhariri makini, hangeweza kuikana. Ilikuwa historia ya viongozi. Ilisimuliwa kwa Kiingereza. Ilianza pale ambapo magazeti na kamera zilianza. Mzee wa Karungu anayejua jinsi serikali ya kikoloni ilivyoweka kituo chake pale ziwani kabla ya kuhamia Kisii mwaka 1907 hakuwa na nafasi katika hadithi hiyo, kwa sababu alichokuwa nacho ni maneno tu, na runinga hii ilihitaji picha.

Mwaka 2009, katika kituo cha Citizen, mchora vibonzo Gado alizindua The XYZ Show, kipindi cha vikaragosi vya mpira vilivyowaiga viongozi. Kilivunja woga uliosalia, lakini kilishughulika na siasa za wiki hiyo, si za karne.

Njia walizopita wengine

Tatizo la historia isiyo na picha si la Kenya pekee, na wapo walioligeuza kuwa nguvu.

Mnamo Desemba 1964, runinga ya BBC ilionyesha filamu ya Culloden ya mwelekezi Peter Watkins. Ilihusu vita vya 1746 ambapo jeshi la serikali liliangamiza koo za nyanda za juu za Uskoti. Watkins alifanya ujanja mmoja wa ajabu: alizipeleka kamera za habari uwanjani kana kwamba zilikuwepo karne mbili zilizopita. Mwanahabari anawahoji askari kabla hawajafa. Mkulima anaeleza kwa nini mwenye ardhi amemlazimisha kubeba upanga. Waigizaji hawakuwa wa kulipwa mishahara mikubwa bali wakazi wa sehemu hizo, baadhi yao wazao wa waliopigana. Hakuna aliyetazama na kudhani kamera zilikuwepo kweli mwaka 1746, lakini wengi walielewa kwa mara ya kwanza kwamba waliokufa walikuwa na njaa, walikuwa na deni na walikuwa na majina.

Karibu zaidi na nyumbani, kati ya 1970 na 1973, David Koff na Anthony Howarth walitengeneza filamu tatu chini ya jina Black Man's Land kuhusu ukoloni nchini Kenya, Mau Mau, na Kenyatta. Msimuliaji alikuwa Mwafrika mwanamke, Msindo Mwinyipembe, jambo lisilo la kawaida kwa wakati huo. Nguvu ya filamu hizo ni wazee waliohojiwa, waliokuwa bado hai na waliokumbuka kwa macho yao kuingia kwa wazungu. Kama kazi hiyo ingecheleweshwa kwa miaka 20, ushahidi huo ungekuwa umezikwa nao.

Naye Prof Ali Mazrui, mzaliwa wa Mombasa, alichukua njia ya tatu. Katika The Africans, mfululizo wa sehemu 9 ulioonyeshwa Uingereza na Marekani mwaka 1986, alisimama mbele ya kamera na kutoa hoja yake bila kujificha: kwamba Mwafrika wa leo ni mtoto wa urithi wa aina tatu, ule wa jadi, ule wa Kiislamu na ule wa Magharibi. Wakfu wa serikali ya Marekani uliokuwa umechangia fedha, chini ya uenyekiti wa Bi Lynne Cheney, ulidai jina lake liondolewe katika kipindi hicho kwa madai kwamba kilishambulia nchi za Magharibi. Mazrui hakuwa na picha za karne ya 10 zaidi ya alizokuwa nazo Ng'weno. Badala ya kuzitafuta, alitembea juu ya magofu na kubishana.

Igizo, ushahidi wa wazee na mabishano: kila mojawapo ya njia hizi lingeweza kufanyiwa kazi Migori.

Kuta zisizo na saruji

Thimlich Ohinga iko kilomita 46 kaskazini magharibi mwa mji wa Migori. Ni boma la kuta za mawe zilizopangwa bila saruji wala udongo wa kuzishikanisha, lililojengwa pengine katika karne ya 16. Urefu wa kuta kwenda juu ni kati ya mita 1.5 na 4.5. Milango ni mifupi, hivi kwamba aingiaye lazima ainame, na ainamaye mlangoni hawezi kurusha mkuki. Upande wa nje kuna mabaki ya kazi ya uhunzi. Maboma ya aina hii yametapakaa kwa mamia katika eneo la Nyanza, lakini hili ndilo kubwa na lililohifadhika vyema zaidi. Mwaka 2018, kikao cha UNESCO kilichofanyika Manama, Bahrain, kililiorodhesha kuwa Urithi wa Dunia.

Runinga zilituma wanahabari wao. Taarifa zilikuwa za dakika chache: kuta kutoka angani, afisa wa makavazi akitoa maelezo, wito kwa serikali kutengeneza barabara ili watalii wafike. Hakuna kosa katika taarifa hizo. Barabara ni muhimu. Lakini ziliruka swali ambalo Thimlich Ohinga hulizua kuhusu utaifa wa Kenya, nalo ni hili: boma ni la nani?

Wanaakiolojia na wanahistoria wanakubaliana kwamba makundi tofauti yaliishi humo kwa vipindi tofauti, yakiwemo ya wazungumzaji wa lugha za Kibantu na Waluo waliofuata. Waliohamia hawakubomoa. Walirekebisha ukuta pale ulipoporomoka, wakaendelea kuishi kwa mtindo uleule hadi karne ya 20. Katika nchi ambamo siasa za ardhi huanza kwa kuuliza nani alitangulia, hapa pana ukuta mmoja uliotunzwa kwa zamu na watu wasiozungumza lugha moja. Ni hadithi inayofaa saa nzima ya matangazo, na gharama yake si kubwa kuliko ya tamthilia moja ya mapenzi.

Malighafi ipo. Chifu Paul Mboya wa Karachuonyo, katika Homa Bay ya leo, alichapisha mwaka 1938 kitabu cha Luo Kitgi gi Timbegi kuhusu mila na desturi za Waluo, akikiandika kwa Dholuo wakati ambapo wengi walidhani mambo ya aina hiyo ni ya wamishonari kuandika. Prof Bethwell Ogot, aliyefariki Januari 2025, alitumia mapokeo ya wazee kujenga historia ya uhamaji wa Waluo katika kitabu chake cha 1967, wakati vyuo vikuu vya Ulaya vilikuwa vinashuku kama simulizi za mdomo ni ushahidi. Alihesabu vizazi, akalinganisha masimulizi ya ukoo mmoja na mwingine, na pale yalipogongana akasema yamegongana. Henry Ayot alifanya kazi kama hiyo kuhusu Wasuba, ikachapishwa mwaka 1979.

Mbinu ya Ogot ingeweza kuhamishiwa kwenye runinga bila kubadilishwa sana. Waketi wazee watatu wa koo tofauti ndani ya kuta, kila mmoja asimulie ukoo wake ulivyofika, na kamera isikate pale wanapopingana. Mpingano huo ndio kipindi chenyewe. Watayarishaji wengi, wakiwa wamezoea kutafuta simulizi moja safi, hukata hapo hasa, na mtazamaji hubaki na hekaya moja iliyopigwa msasa, ambayo ukoo wa pili ukiisikia hucheka.

Ni vivyo hivyo kwa hekaya zenyewe. Ziwa Simbi Nyaima, karibu na Kendu Bay, husimuliwa kwa watalii kuwa kijiji kilichozama kwa kumnyima hifadhi mwanamke mzee. Gor Mahia wa Kanyamwa, mganga ambaye jina lake lilichukuliwa na klabu ya kandanda iliyoundwa 1968, hutajwa kila wikendi na mashabiki ambao wengi wao hawajui kwamba alikuwa mtu aliyeishi hadi enzi ya ukoloni. Runinga ingeweza kuuliza ni kwa nini simulizi hizi zilidumu na nyingine zikasahaulika. Mara nyingi hurudia tu simulizi, kisha matangazo ya biashara.

Lugha ipi?

Uhamaji kutoka mitambo ya analogi hadi dijitali ulikamilishwa mwaka 2015, baada ya mvutano ulioviacha vituo vikubwa vya kibinafsi vikiwa gizani kwa takriban wiki tatu kuanzia Februari 14. Nafasi za masafa zikawa nyingi na nafuu zaidi, na vituo vya lugha za mama vikajitokeza. Inooro TV ilianza kwa Kikuyu mwaka huohuo wa 2015. Dholuo nacho kilipata nafasi baadaye kupitia Ramogi TV. Kwa mara ya kwanza bibi wa Rangwe angeweza kuketi mbele ya runinga na kuelewa kila neno bila mjukuu wa kumfasiria.

Hayo ni mafanikio yasiyofaa kudharauliwa. Lakini kituo cha Dholuo kikizungumzia Migori na Homa Bay hakizungumzi na kila mtu aliye huko. Wakuria huonekana kwenye skrini hasa msimu wa ukeketaji wa wasichana ufikapo au mifugo inapoibwa mpakani. Wasuba ni hali ngumu zaidi. Mababu wa wengi wao, kwa mujibu wa mapokeo, walivuka ziwa kutoka upande wa Uganda katika karne ya 18. Wakaoana na Waluo, wakafanya biashara nao, watoto wakasoma shule kwa Dholuo, na Olusuba ikarudi nyuma hatua kwa hatua hadi ikaorodheshwa miongoni mwa lugha zilizo hatarini. Familia ya Mboya yenyewe inatoka katika kisiwa hiki cha Wasuba walioingia Uluo, na ni nadra filamu inayomhusu kulitaja jambo hilo.

Kisiwani Mfangano watu hawakungoja Nairobi. Makavazi ya jamii ya Abasuba yalianzishwa huko, na vijana wakaanzisha redio ya jamii iliyoipa Olusuba nafasi hewani. Redio ni rahisi kuliko runinga: haihitaji picha, na katika sensa ya 2019 ni takriban nyumba 4 tu kati ya 10 nchini zilizokuwa na runinga. Lakini sauti pekee haiwezi kuonyesha jinsi mtego wa samaki unavyosukwa, wala uso wa mzee anapolitafuta neno ambalo hajalitamka kwa miaka 30 na kulipata.

Kanuni za utangazaji nchini huvitaka vituo kutenga angalau asilimia 40 ya muda wao kwa vipindi vya humu nchini. Kanuni haisemi vipindi hivyo vihusu nini, na ni vyema isiseme, kwani serikali ikianza kuagiza historia kila mtu anajua itaanzia wapi. Kutokana na uhuru huo, asilimia hiyo hujazwa na habari, mijadala ya kisiasa, muziki na tamthilia za jijini. Kipindi cha historia hugharimu utafiti kabla ya kamera kuwashwa, na utafiti hauna mdhamini wa sabuni.

Wakati huohuo, muda unakwenda. Hata BBC ilifuta kanda zake nyingi za miaka ya 1960 ili izitumie tena, kwa kuwa kanda ilikuwa ghali kuliko kumbukumbu. Wazee hawafutwi, lakini pia hawarekodiwi. Aliyekuwa na miaka 20 msafara wa Mboya ulipopita Kisumu amezaliwa mwaka 1949.

Katika mapango ya Kwitone na Mawanga kisiwani Mfangano, michoro ya duara juu ya duara, nyekundu na nyeupe, ingali ukutani. Wataalamu huihusisha na Watwa, wawindaji walioishi hapo kabla ya Wasuba kufika, na wakazi kwa muda mrefu waliyahusisha mapango hayo na maombi ya mvua. Hakuna anayejua lugha ya waliochora. Anayetaka kuiona huvuka kwa mashua kutoka Mbita, kisha hupanda mlima kwa miguu, na jua la asubuhi ndilo linalofaa zaidi kwa kamera.